Bunda Lisilo na Karatasi

Jumamosi, mwezi wa sita, saa kumi na moja jioni. Makambako kuna upepo wa kukata masikio, na jua lipo lakini la kuangalia tu, halipashi kitu. Asubuhi nilipofika Njombe sakitu, ile barafu nyembamba ya alfajiri, ilikuwa bado imelala juu ya majani. Sasa nimerudi nyumbani, nimesogeza miguu karibu na jiko la mkaa, na nina furaha.

Naiandika mapema hiyo furaha, maana najijua. Nikianza kueleza nitalalamika kwanza kurasa mbili, ndipo nikumbuke kwamba siku yenyewe ilikuwa nzuri.

Blogu hii niliifungua kwa ajili ya masweta. Anayetafuta picha za masweta ya shule arudi nyuma kwenye yale ya zamani, yapo, na rangi zote zipo. Ila tangu mwaka jana imegeuka kuwa shajara, hata sijui ilianzaje. Nadhani ni kwa sababu mashine ya kufuma ina kelele na mtu huwezi kupiga soga ukiwa juu yake, basi maneno yananijaa hadi jioni.

Leo naandika juu ya Hisabati.

Usicheke.

Mimi ni fundi wa masweta. Nina fremu, chumba cha biashara, Lyamkena hapa Makambako, nina mashine mbili za kufuma na msichana mmoja anayenisaidia, na baridi ya huku ndiyo inayonipa kazi mwaka mzima. Nina miaka arobaini na moja. Shule niliacha kidato cha kwanza, kule Matamba nilikozaliwa, mama yangu alipougua na mimi nikiwa binti mkubwa wa nyumba. Hakuna aliyenifukuza shule na hakuna aliyenilazimisha kuacha, nasema ukweli wa Mungu. Nilibaki nyumbani wiki moja, ikawa mwezi, basi ikawa hivyo. Somo la mwisho nililokaa darasani lilikuwa aljebra. Mwalimu alijaza ubao herufi na namba, nikanakili zote bila kuelewa hata mstari mmoja, nikajisemea nitamwuliza kesho.

Mwaka jana mkuu wa chuo kimoja cha ufundi alikuja hadi kwenye fremu yangu. Alichukua sweta, akaligeuza ndani nje, akakagua maungio ya mabegani, akasema anatafuta mtu wa kufundisha ufumaji na ameshampata. Halafu akaniomba cheti cha kidato cha nne. Nikamwambia nitakileta. Jamani, ndivyo nilivyomjibu, bila haya, kana kwamba nimekisahau kabatini. Alipoondoka nilikaa juu ya katoni la nyuzi nikajicheka, kisha nikalia kidogo, kisha nikaendelea na kazi.

Wiki iliyofuata nikajiandikisha kwenye kituo cha elimu ya watu wazima, Njombe, maeneo ya Mjimwema. Kila Jumamosi naondoka Makambako asubuhi na daftari zangu kwenye kikapu, chini ya kitenge, ili watu wadhani naenda kununua nyuzi. Baba Anitha, mume wangu, anajua, na amenisaidia kwa namna yake, yaani hajanicheka hata siku moja.

Masomo mengine nakwenda nayo vizuri tu. Kiswahili napata. Baiolojia napata. Historia naisoma kama naambiwa umbea. Hisabati ndiyo iliyonikaba koo, na chuo wanaitaka kwenye cheti. Wanasema mwalimu wa ufumaji asiyejua hesabu atawafundishaje watu vipimo. Nimetafuta jibu la kuwabishia, sijalipata.

Mwalimu wetu wa Hisabati ni Mwalimu Mwalongo, kijana wa miaka ishirini na kitu, mpole, shati lake limepigwa pasi hadi unaogopa kumsogelea. Utaratibu wake ni kwamba anatoa majaribio matatu ya aljebra. Ukipata sita kati ya kumi, hata kama ni mara moja tu, jina lako linaingia kwenye orodha ya darasa la mtihani. Usipopata, Januari unarudi mwanzo kabisa pamoja na wapya. Jaribio la kwanza nilipata nne. La pili nilipata tatu.

La tatu na la mwisho lilikuwa leo.

Nieleze mada yenyewe kwa wanaosoma masweta tu. Inaitwa kurahisisha. Mtu anakupa mstari mrefu, herufi na namba zimechanganyika, na wewe unakusanya zinazofanana pamoja mpaka mstari unakuwa mfupi. Ukiwa na 3x + 2y + 5x, unachukua x na x, unapata 8x, na y zinakaa kwao. Jibu ni 8x + 2y. Huendi mbele zaidi ya hapo, maana x na y si ndugu.

Hilo halikunipa shida hata kidogo. Kuchambua ndiyo kazi yangu. Mikono ya sweta la darasa la kwanza huwezi kuichanganya na mikono ya kidato cha tatu, hata kama uzi ni uleule wa bluu, ukichanganya utavalisha watoto vituko. Wenzangu darasani walikuwa wanaandika 10xy, wanasomba kila kitu na kukitupa mahali pamoja. Mimi sikuwahi. Nilikuwa nawatazama nikijiona mwamba, nakiri.

Kosa langu lilikuwa jingine, lilikuwa moja tu, na lilijirudia kila mahali. Mwalimu akiandika 4x + x, mimi nilijibu 4x. Akiandika 7a − a, nilijibu 7a. Popote herufi iliposimama peke yake bila namba mbele, mimi niliipita tu kana kwamba sijaiona.

"Hapo kuna moja imejificha, mama," Mwalimu aliniambia siku ya kwanza.

Nikamwuliza imejificha inamwogopa nani. Darasa zima lilivunjika mbavu. Na yeye alicheka, akaandika ile moja mbele ya herufi, akaifuta, akaendelea na ubao wake. Mimi nikabaki na mawazo yangu kichwani.

Na yangu hayakutoka hewani. Yalitoka kwenye fremu yangu.

Kwangu sweta halifumwi lote kwa mpigo. Migongo inafumwa peke yake, vifua peke yake, mikono peke yake, kola peke yake. Fungu likikamilika tunalifunga kwa uzi, tunahesabu vipande, tunaandika idadi kwenye kikaratasi, tunakibana kwa pini. Bunda lenye karatasi linahesabiwa. Bunda lisilo na karatasi halihesabiwi, hata liwe kubwa kama mto wa kulalia. Ni sheria, na niliiweka kwa machungu. Kuna mwaka niliahidi shule moja masweta sitini. Mikono niliikadiria kwa macho, bunda lilikuwa limenona, sikulihesabu, nikasema hii inatosha. Siku ya kuunga ikaonekana inatosha masweta arobaini na tisa, na uzi wa rangi ile ulikuwa umekwisha mji mzima. Watoto kumi na mmoja walisimama mstarini kwenye baridi hii ya kwetu wakiwa na mashati tu, na mwalimu mkuu akaniita nije niwaone. Niliwaona. Kuna mmoja alikuwa ameingiza mikono ndani ya shati akaikumbatia.

Tangu siku hiyo, kwenye fremu yangu, kisichoandikwa namba hakipo.

Sasa Mwalimu Mwalongo, kwa nia njema kabisa, somo la kwanza la aljebra alituambia kila mmoja aichukulie x kuwa kitu anachokijua kazini kwake. Kuna mzee wa viazi alichukua gunia. Mimi nikachukua bunda. Basi nikiangalia 4x nilikuwa naona bunda lenye karatasi iliyoandikwa nne. Nikiangalia x peke yake, naona bunda ambalo fundi hajalimaliza. Na bunda hilo mimi silihesabu, hata aje mkaguzi kutoka Dodoma.

Sikumweleza Mwalimu hayo. Sikujua kwamba ni jambo la kuelezwa. Nilidhani kila mtu anahesabu hivyo.

Sasa nakuja kwenye aibu yangu. Wiki mbili zilizopita alirudisha jaribio la pili, lile la tatu kati ya kumi, akasimama mezani kwangu na kalamu nyekundu. Nadhani alikuwa amechoka. Akasema, "Mama, mbona hili ni jepesi, hata mtoto wa darasa la saba angeliona." Hakusema kwa dharau. Lakini mimi mori ulinipanda hapohapo, nikasimama, nikamwambia basi amfundishe huyo mtoto wa darasa la saba, nikabeba kikapu changu, nikatoka. Mlango niliubamiza. Ni mlango wa bati, ulilia hadi barabarani.

Jumamosi iliyofuata sikwenda. Nilijiambia nina oda nyingi. Oda hazikuwa nyingi kiasi hicho.

Siku zile zote nilikuwa nimeshaamua kuacha, na nilishaanza kutunga maneno ya kumwambia mkuu wa chuo. Namna gani mtu mzima anaweza kushindwa na herufi ya ishirini na nne, sijui, lakini nilikuwa nimeshindwa. Na ilikuwa inaniuma kuliko nilivyotaka kuonyesha. Nilikuwa nafuma huku naona ule ubao wa Matamba.

Jumatano hii Anitha alikuwa nami kwenye fremu. Anitha ni binti yangu, yuko kidato cha pili, yuko likizo. Alikuta daftari langu chini ya kitenge, akalifungua bila ruhusa, akaanza kuyapitia majibu yangu. Nilimwona anakunja uso, kisha anakunjua, kisha anakunja tena. Akaniuliza kwa nini kila x isiyo na namba naiacha. Nikamwambia kwa sababu haina karatasi.

Aliyatazama mabunda kwenye rafu. Halafu akaelewa, nilimwona akielewa, akaanza kucheka hadi akashika mashine. Nikamwambia akome.

Alichofanya baada ya hapo sitakisahau. Alikwenda kwenye rafu, akachukua mabunda manne ya mikono ya oda moja, ambayo yote huwa tunayafunga kwa idadi sawa, akayapanga mezani mbele yangu. Kisha akazing'oa karatasi. Zote nne! Pini zikadondoka sakafuni tingtingting. Nilipiga kelele. Binti yangu mwenyewe, anayeijua ile sheria kuliko Amri Kumi za Mungu, anang'oa karatasi mchana kweupe!

"Mama, kwenye bunda moja kuna mikono mingapi?"

"Nitajuaje, na wewe umeshang'oa karatasi?"

"Hujui."

"Sijui!"

"Hiyo usiyoijua ndiyo x," akasema. "Haya, mabunda ni mangapi?"

Nikamwambia manne, kipofu pia angeyahesabu. Akaenda akaleta bunda la tano la oda ileile, akaling'oa na lenyewe karatasi, akaliweka pembeni ya yale manne. Akauliza sasa yako mangapi. Matano, nikasema. Ya mikono mingapi? Nikamjibu kwa hasira, "Matano ya sijui!"

Akapiga makofi. Akachukua chaki ya kitambaa akaandika kwenye meza yangu nyeusi: 4x + x = 5x. Matano ya sijui.

Nilikaa chini.

Miezi yote hii nilikuwa naisoma ile nne kama namba ya kwenye karatasi, kama vipande vilivyomo ndani. Kumbe nne ni mabunda. Karatasi haipo kabisa kwenye aljebra, hakuna bunda lenye karatasi mle ndani. Yote hayana. Bunda lile ninalolikataa kila siku kazini ndilo somo lenyewe. Ukijua limebeba ngapi, x ya nini tena? Na bunda moja likisimama peke yake mezani, huhitaji kuandika moja mbele yake, unaliona kwamba ni moja. Halijajificha popote. Liko pale, limekaa.

Nikafuta meza, nikajipa mwenyewe 7a − a. Mabunda saba ya sijui, toa bunda moja la sijui. Nikabaki na sita. Nikayashika kwa mikono kuhakikisha, maana mimi ni mtu wa kushika.

Nilifurahi, lakini furaha yangu ina ukali ndani yake, kwa hiyo cha kwanza nilichomwambia Anitha ni kwamba yale mabunda matano atayahesabu upya yeye mwenyewe, kipande kwa kipande, na pini aziokote zote. Aliziokota. Nilimsaidia kuhesabu baadaye, nilipokwisha kujifanya nimenuna.

Alhamisi na Ijumaa nilifanya maswali hadi mgongo ukauma. Kitu kingine nilichokuja kukiona ni alama ya kutoa. Ile alama iko na mwenye kuifuata, haiko na aliyetangulia. Ukihamisha −3k kwenda kukaa na 6k, ile kutoa inakwenda nayo, huwezi kuiacha ilikokuwa. Nikafanya 6k − 2 + k + 9 − 3k, nikapata 4k + 7, Anitha akasema sawa. Nikafanya tena kesho yake asubuhi kabla ya chai, nikapata ileile. Sikumbuki mara ya mwisho kupenda kitu namna hiyo kabla ya chai.

Basi ikabaki leo.

Jana nilitaka kumbebea Mwalimu sweta, la kijivu, la saizi yake kwa kukadiria. Kijana anavaa shati tu kwenye baridi hii. Anitha akanizuia, akasema nitaonekana nahonga. Nikaona ana hoja, nikalirudisha kwenye rafu. Ikabaki kuomba msamaha kwa mdomo, jambo ambalo kwangu ni zito kuliko kufuma masweta ishirini.

Nilifika nusu saa kabla ya wenzangu. Mwalimu alikuwa anafuta ubao. Nilikuwa nimepanga maneno tangu Makambako, ya kistaarabu, yenye mwanzo na mwisho. Aliponiona akaacha kufuta, akasema, "Shikamoo, mama," kwa heshima ileile ya siku zote, na maneno yangu yote yakayeyuka. Nikaitikia marahaba. Kisha nikamwambia tu nilikosa, kwamba mtu mzima habamizi mlango wa watu, na kwamba anisamehe.

Akasema yeye ndiye aliyeanza kusema vibaya. Akasema Jumamosi nilipokosekana aliutazama ule mlango mara nyingi.

Nikaenda kukaa.

Maswali kumi. Vidole vyangu vilikuwa vya baridi hadi kalamu inateleza, nikavipulizia. La kwanza 2x + 5x, hilo ni la kumkaribisha mgeni. La tatu lilikuwa 9m + m. Nililitazama kwa muda. Ni swali ambalo mwezi uliopita ningeandika 9m bila hata kupepesa. Nikaandika 10m, nikabonyeza kalamu kwa nguvu hadi karatasi ya chini ikapata alama.

La sita, 8p + 3q − p + q. Zote mbili zisizo na namba walikuwa wamenitegea humo, p na q. Nikachambua: p kwa p, saba, q kwa q, nne. Nikaandika 7p + 4q. La kumi lilikuwa na x zenye mbili ndogo juu ya bega, 5x² + 2x + x² − x. Mzee wa viazi pembeni yangu alikuwa anaguna. Mimi nikaona ni saizi mbili tofauti za mikono, basi. Kubwa na kubwa, ndogo na ndogo. Nikapata 6x² na x moja, nikaiandika hiyo x peke yake, bila namba. Nikaiangalia ilivyosimama pale. Sikuwa na wasiwasi nayo hata kidogo.

Mwalimu alisahihisha palepale, mmoja mmoja, tukiwa tumekaa. Alipofika kwangu nilishika kona za meza.

Vema. Vema. Vema. Vema. La tano akaweka mkasi mwekundu, alama ya kukosa. Lilikuwa 4ab + 3ba, mimi nikayaacha yalivyo, sikuyajumlisha, maana kwangu ab na ba ni mabunda mawili tofauti. Nikamwambia hivyo, na sauti yangu ilikuwa imeshaanza kupanda, mnanijua. Mwalimu akaniuliza, mbili mara tatu ni ngapi, na tatu mara mbili ni ngapi. Nikamwambia sita na sita. Akanitazama. Nikamtazama. Nikasema haya, endelea.

La saba nalo nilikosa. Lilikuwa 3n + 5 − 7n + n, nikaandika 3n + 5, nikaacha ile alama ya kutoa nyuma. Mimi niliyewahubiria Anitha na msichana wa pale kwenye fremu siku mbili nzima kuhusu ile alama! Inanikera hadi sasa ninavyoandika.

Mengine yote vema.

Nane. Nane kati ya kumi, haki ya Mungu. Mwalimu aliandika nane akaizungushia duara, na chini yake akauliza kwa kalamu ileile nyekundu: "Nini kimetokea?" Nikamweleza. Nikamweleza habari ya mabunda na karatasi na watoto kumi na mmoja na pini za Anitha, na jinsi 4x ilivyokuwa ikionekana kwangu. Alikaa kwenye ukingo wa dawati la mbele akisikiliza, na kalamu ikamtoka mkononi. Mwisho akasema anafundisha mwaka wa tatu sasa, na kila mwaka kuna mtu mzima mmoja au wawili wenye kosa hilihili, na yeye huwaandikia tu moja mbele ya herufi na kupita. Akasema Jumamosi ijayo nije na mabunda matano. Nikamwambia nitakuja nayo, lakini karatasi anang'oa yeye, mimi siwezi.

Nimerudi Makambako mchana, nimempigia simu Baba Anitha, amesema "Eeh!" mara tatu, kwake hiyo ni hotuba. Anitha amenirukia shingoni mbele ya wateja. Nimemwambia sweta la kijivu sasa tutampelekea Mwalimu, si hongo tena, majibu yameshatoka. Amesema tusubiri hadi mtihani wa taifa upite. Sijui huyu mtoto amerithi wapi ukali.

Nimeruka jambo moja la leo asubuhi, kwa makusudi. Nilitaka niliandike nikiwa nimetulia.

Baada ya kusahihisha, Mwalimu alifungua daftari lake la orodha akaja tena mezani kwangu. "Mama Anitha," akasema, "nipe jina lako kamili, lile la kwenye cheti cha darasa la saba. Ndilo litakalokwenda kwenye mtihani." Nikafungua mdomo, na kwa sekunde chache halikuja. Lyamkena mimi ni Mama Anitha. Kanisani ni Mama Anitha. Kwenye simu za wateja ni Mama Masweta. Mume wangu mwenyewe hajaniita vinginevyo tangu mtoto azaliwe, na sijawahi kuona ubaya. Nikalitaja polepole, neno kwa neno, na yeye akaandika.

Kabla hatujatawanyika akasimama mbele akasoma orodha ya darasa la mtihani. Alikuwa anasoma tu, ahakikishe ameandika sawasawa, hakumwuliza mtu chochote. Wa kwanza. Wa pili. Mzee wa viazi. Halafu akasoma, "Edina Lukas Tweve."

Mimi nilisimama. Kiti kilianguka nyuma yangu. Na sauti ikanitoka, kubwa, ile ya kuitikia majina asubuhi kule Matamba:

"Nipo!"

Darasa lilicheka. Mwalimu hakucheka. Aliinama kwenye daftari lake, akaweka tiki mbele ya jina, akangoja nikae, ndipo akaendelea na wa tano.